Korongo wa Ambroży Kłos

Sikurarua kitambaa. Sikumpiga mlinzi kwa mkoba. Polisi hawakuitwa. Nayataja haya kwa mpangilio huo kwa sababu ndivyo yanavyosimuliwa hapa Lniska tangu mwezi Mei, kwenye foleni ya mkate na kwenye ngazi za kanisa, na kila msimulizi ameongeza chake. Nilichofanya ni kuinua ncha ya kitambaa cha meza na kuigeuza, kiasi cha dhiraa moja, na mikononi nilikuwa na glavu safi.

Mimi ni Kazimiera Kłos, mjane wa Wincenty Kłos. Nimefundisha jiometri katika shule ya sekondari ya mji huu miaka thelathini na mmoja, na nusu ya hao wanaonisengenya niliwasahihishia madaftari. Kwa hiyo wanisikilize tena mara moja, kisha waniache.

Kiwanda chetu cha kitani kilipofungwa, kilikaa na njiwa miaka kumi na miwili. Kisha wakaja watu wa makumbusho, wakakisafisha pamoja na lile jumba la makabaila wa ukoo wa Zborowiecki lililo ng'ambo ya bwawa, wakaweka tiketi mlangoni. Sikwenda. Baba mkwe wangu alifanya kazi mle, mume wangu alifanya kazi mle, na sikuona kwa nini nilipe kutazama viti walivyokalia. Ningekufa bila kwenda kama mjukuu wa jirani hangeniletea chupa ya bia kutoka mkahawa wa makumbusho, akidhani ananifurahisha.

"Bibi, jina lenu limeandikwa hapa!"

Mbele ya chupa palikuwa na ndege mwenye macho makengeza, na maneno *Korongo Mlevi*. Nyuma, kwa herufi ndogo, palisema kwamba bia hii ni kumbukumbu ya fundi Ambroży Kłos, ambaye mwaka 1936 alilewa chakari akafuma alama ya ukoo wa kabaila kinyumenyume.

Nilikaa na ile chupa jikoni hadi supu ikaungua. Jumamosi nikavaa koti langu la kanisani, nikanunua tiketi ya wastaafu.

Anayetembeza wageni ni kijana Tymon Sroka. Alitupitisha kwenye mitambo, kwenye mapipa ya kuloweka kitani, kwenye chumba ambamo kadi ndefu za karatasi ngumu zilitobolewa matundu ili kuuongoza mtambo uzi upi upande na upi ushuke. Hapo ndipo Ambroży, baba mkwe wangu, alipokaa. Kiti chake nilikitambua, mguu mmoja umefungwa waya. Tymon hakukitaja. Alikuwa na haraka ya kufika jumbani, kwenye ukumbi wa kulia chakula, kwa kuwa huko ndiko kuna kichekesho.

"Mabibi na mabwana," akasema, "hii ndiyo meza maarufu. Tazameni korongo huyu aliyefumwa kwenye ncha hii. Yule wa mawe mliyemwona juu ya lango anatazama wapi?"

"Kushoto!" wakajibu, kama darasa la watoto.

"Na huyu?"

"Kulia!"

"Kwa sababu fundi wetu, mzee Ambroży, siku hiyo alikuwa amepiga mtindi. Hakujua kulia wala kushoto, mradi afike nyumbani!"

Wakacheka. Mwanamume mmoja mwenye kamera akasema, "Muongo wewe. Angekuwa amelewa angefuma korongo wawili!" Wakacheka zaidi. Huyo mtu wa kamera simjui, lakini katika chumba kizima yeye peke yake alikaribia kutumia akili.

"Kijana," nikasema kutoka nyuma, "jiometri ulifundishwa na nani?"

"Na Mama Kłos, yule mkali wa..." Akageuka. Masikio yakamwiva. "Mwalimu! Shikamoo. Sikukuona."

"Hukuniona mimi, wala korongo hukumwona. Simama hapohapo."

Lakini kabla sijaeleza nilichofanya, lazima nimweleze mtu huyu mliyemgeuza lebo ya chupa, maana niliishi naye nyumba moja miaka kumi na miwili na nyinyi hamkuishi naye hata siku moja.

Ambroży Kłos alikuwa mtu mfupi, mkavu, mwenye jicho moja dogo kuliko jingine kwa sababu ya kuchungulia matundu. Kazi ya mtoboa kadi ni kusoma mchoro mraba kwa mraba na kuugeuza kuwa matundu. Tundu moja likikosewa, ua la kitambaani linaota jino, yaani ukingo wake unachomoza. Alianza kazi hiyo mwaka 1920, na katika miaka kumi na sita hakuna ua lililoota jino.

Kitambaa kinapofumwa, mara nyingi uso wake hutazama chini, na mfumaji huona mgongo tu. Kwa hiyo kila mchoro ulipoletwa, mtoboa kadi aliuliza swali moja kabla ya kushika nyundo: "Uso au mgongo?" Yaani, huu mchoro ni wa upande upi? Maana kilicho kulia usoni, mgongoni kiko kushoto. Ambroży aliuliza swali hilo mara nyingi hata likamganda ulimini. Akisomewa gazeti aliuliza, "Uso au mgongo?" Padri akihubiri, alininong'oneza, "Mgongo huo, mwanangu." Siku Wincenty aliponipeleka kwao kama mchumba, nikamwambia mzee kwamba nimefurahi kumfahamu, akanikazia lile jicho dogo.

"Uso au mgongo?"

"Pande zote mbili, baba," nikajibu.

"Basi huyu aolewe," akamwambia Wincenty, akaendelea kumenya kiazi.

Kwenye meza yake mkate haukuwekwa kifudifudi. Shati lake alilikunja mwenyewe, ukosi juu. Kila Krismasi alikunywa glasi moja ndogo, akaifunika kwa kiganja asiongezwe. Huyo ndiye mtu niliyemjua.

Sasa kitambaa. Mwaka 1936 Bibi Mkubwa wa jumbani, mke wa kabaila, aliamua kwamba katika karamu ya mavuno meza iwe na kitambaa kipya chenye alama ya ukoo: korongo aliyesimama kwa mguu mmoja, na mguu wa pili ameshika jiwe, ili akisinzia jiwe lianguke limwamshe. Mchoro alichora mwenyewe. Aliipenda sana kalamu ya rangi. Ambroży alipouona tu mchoro, alijua kuna jambo. Kila asubuhi kwa miaka kumi na sita alikuwa amepita chini ya korongo wa mawe langoni, na yule alitazama kushoto. Huyu alitazama kulia.

Akavua apuroni, akavuka daraja la bwawa, akamkuta Bibi Mkubwa barazani na kikapu cha matunda ya porini.

"Bibi Mkubwa, samahani. Mchoro huu ni wa uso au wa mgongo?"

"Mgongo gani tena, Kłos? Ni korongo."

"Ndiyo, Bibi. Ila wa langoni anatazama huku."

"Wa langoni ni mzee, kaliwa na mvua. Mimi nimemchora kutoka kwenye kitu chenyewe." Akafungua kisanduku, akamwonyesha muhuri wa shaba wa ukoo, ule wa kugandamizia nta kwenye barua. "Haya, macho unayo?"

Macho alikuwa nayo. Muhuri huchongwa kinyume ili alama yake itoke sawa. Mtu akichora muhuri wenyewe badala ya chapa yake, amechora kinyume.

"Bibi Mkubwa, muhuri kwa kawaida huwa..."

"Kłos. Utanifundisha wewe alama ya ukoo wangu?"

Haukuwa ukoo wake, ulikuwa wa mumewe, lakini hilo halisemwi barazani. Ambroży akarudi. Akatoboa kama ilivyochorwa. Nyinyi mnaosema angekataa, au angempitia kabaila mwenyewe, hamjawahi kuishi katika nyumba ya kiwanda ambayo ufunguo wake uko mfukoni mwa mtu mwingine.

Lakini hakukaa bure. Kitambaa hicho ni cheupe juu ya weupe. Ndege na majani vyote ni uzi uleule wa kitani, tofauti ni mlalo tu, mtande, nyuzi za urefu, ukijitokeza hapa na mshindio, nyuzi za upana, pale. Ukikitazama kwa mbele ni shuka tupu. Mwanga ukija kwa ubavu, picha inatokea. Na upande wa nyuma picha ni ileile, safi vilevile, isipokuwa penye kung'aa pamefifia, na kulia kumekuwa kushoto. Kwa hiyo Ambroży alimwendea mkewe Marcjanna, aliyekuwa akishona mapindo ya vitambaa vya jumbani, akamwambia, "Mama, hiki kishonee pindo la pande mbili, lisijulikane uso wala mgongo." Marcjanna akavuta nyuzi chache, akashona vijingazi vya uzi ukingoni mwote, vinavyofanana juu na chini. Ilimchukua wiki mbili zaidi. Hakuuliza sababu, aliiona.

Siku ya mavuno meza ilitandikwa mchana. Hakuna aliyeona kitu, hadi jua lilipoingia kwa madirisha ya pembeni na supu ikiwa tayari mezani. Hapo korongo akajitokeza mbele ya wageni ishirini na wanne. Kanali mmoja aliyealikwa akaweka kijiko chini.

"Zborowiecki, korongo wenu anamkimbia adui au anaikimbia supu?"

Wakacheka. Kabaila akaagiza aitwe Ambroży, aliyekuwa uani na wafanyakazi wenzake wakila kabichi na soseji. Akaja, kofia mkononi.

"Nani kafanya hivi?"

Ambroży hakumtazama Bibi Mkubwa, na Bibi Mkubwa alikuwa akitazama sahani. Akasema jambo moja tu, kwa nia njema kabisa: "Bwana Mkubwa, kigeuzeni tu. Upande wa pili anatazama sawasawa."

Ukumbi ulipasuka kwa kicheko. Kanali alifuta machozi kwa kitambaa cha mkono. Na kabaila, ambaye angeweza kucheka nao na mambo yakaisha, akasimama.

"Ukoo wa Zborowiecki hauli mgongoni."

Jumatatu Ambroży alifukuzwa. Sababu iliyoandikwa ni uzembe. Soma vizuri: uzembe. Neno ulevi hata wao hawakuthubutu kuliandika. Nyumba waliambiwa waiache kabla ya Siku ya Watakatifu Wote, tarehe mosi Novemba.

Hayo ndiyo niliyokuwa nayo kichwani pale ukumbini, mbele ya Tymon na wageni wake. Sikuyasema yote. Mwalimu hasomi hotuba, anaonyesha. Nikamwambia Tymon, "Kwenye chumba cha barua, hapo nyuma, kuna muhuri wa shaba chini ya kioo. Nenda utazame, urudi utuambie korongo wa kwenye muhuri anatazama wapi. Muhuri wenyewe, si chapa."

Akaenda mbio, kama zamani nilipomtuma chaki. Akarudi polepole.

"Kulia, Mwalimu."

"Na chapa ya nta iliyo kando yake?"

"Kushoto."

"Na kitambaa?"

"Kulia." Akakuna shingo. "Kama muhuri."

"Basi aliyekosea alichora kutoka wapi?"

"Kutoka kwenye muhuri."

"Na muhuri ulikaa kwenye chumba cha fundi?"

Mtu wa kamera akapiga mluzi. "Mama huyu angetufundisha na sisi!"

Hapo ndipo nikavuka ile kamba nyekundu. Ndiyo, nilivuka kamba. Nikaisogeza sahani moja tupu, nikainua ncha ya kitambaa, nikaigeuza. Jua lilikuwa la saa tano asubuhi, limelala ubavuni. Korongo akatokea, anatazama kushoto, amesimama na jiwe lake kama wa langoni. Mwanamke mmoja akasema, "Yesu na Maria, kumbe mzuri!" Nikawaonyesha pindo la Marcjanna, juu na chini sawa. "Mlevi," nikasema, "hafikirii upande wa pili kabla ya watu kuuhitaji."

Mlinzi wa ukumbi ni Halszka, tunayekaa naye jengo moja, ngazi moja. Alikuwa amesinzia kitini. Aliamka akaona mkono wangu kwenye kitambaa cha miaka sabini, akaniita kwa kifupi cha jina langu.

"Kazia! Umerukwa na akili? Weka chini hicho!"

"Wewe kaa. Ungekuwa na jiwe mguuni ungeamka mapema."

Akanivuta mkono wa koti, mkoba wangu ukaanguka juu ya kiatu chake. Huko ndiko kumpiga kwenyewe. Kelele zake zikamleta mkurugenzi, Bi Oliwia Pilch, mwanamke wa Warszawa, mpole, aliyevaa viatu visivyotoa sauti. Akawaondoa wageni, akaniketisha kwenye kiti ambacho yeye anakataza watu wakikalie.

"Mama Kłos," akasema, "naelewa uchungu wako. Lakini ni hadithi tu. Watu wanaipenda."

"Anaipenda nani? Mwenye jina lake kwenye chupa?"

"Tunaweza kuliondoa jina. Tuandike *fundi mmoja*."

Hapo ndipo nilipokasirika hasa. Kabla ya hapo nilikuwa nafundisha.

"Mmemfanya mlevi miaka miwili, sasa mnataka kumfanya hakuna mtu? Kabaila ana jina kwenye kila ukuta, hata mbwa wake wa kuwindia ana jina, nimemwona kwenye picha pale koridoni. Mtu aliyetoboa kila tundu la kitambaa hiki awe *mmoja*? Jina lake libaki. Uongo ndio uondoke."

Akasema, kwa sauti ya chini na bila ubaya, nakiri: "Mama, wazee watatu wa mji huu walituambia walimwona amelewa barabarani. Hatukubuni. Je, hakunywa?"

Halszka alikuwa mlangoni, anasikiliza kwa mwili mzima. Tymon naye. Nilijua nikisema hapana, jina litasafishwa siku hiyohiyo. Wengine wote waliokaa naye nyumba moja ni marehemu. Lakini nimewapigia watoto wa watu sifuri kwa kuandika jibu bila kuonyesha njia.

"Alikunywa," nikasema.

Bi Pilch akaniangalia.

"Alikunywa kuanzia Watakatifu Wote mwaka 1936, alipotoka kwenye ile nyumba na kitanda begani, hadi Kwaresima ya mwaka uliofuata. Kitambaa kilifumwa Juni. Karamu ilikuwa Agosti. Hesabu miezi. Alilewa kwa sababu ya kitambaa. Kitambaa hakikuharibika kwa sababu ya ulevi. Wazee wenu waliona kweli, ila walimwona mgongoni, na nyinyi mkauza huo mgongo kama uso."

Tymon alikuwa anatazama sakafu, na naamini alikuwa anahesabu miezi.

Baada ya Kwaresima ile Ambroży aliacha pombe, akapata kazi ya kupaka mafuta mabehewa kwenye reli. Vita vilipokwisha na makabaila wakaondoka, kiwanda kikawa cha serikali, na watu wakaja kumwita kwa sababu hakuna mwingine aliyejua kutoboa. Akarudi kwenye kiti kile chenye waya. Walimwomba asimulie mkutanoni jinsi alivyomdhalilisha kabaila kwa makusudi, ingemletea medali. Akawauliza, "Uso au mgongo?" wakamwacha. Alitoboa taulo za hospitali na vitambaa vya kantini hadi mwaka 1968, na mwaka 1971 tukamzika. Marcjanna alikuwa ametangulia.

Karatasi mpya imebandikwa ukumbini tangu wiki iliyopita. Niliisahihisha mara mbili, na mara ya kwanza Bi Pilch alikuwa ameacha nukta. Inasema: *Kitambaa cha meza, kitani, 1936. Kadi zilitobolewa na Ambroży Kłos kwa kufuata mchoro wa Bibi Zborowiecka, mke wa kabaila, uliochorwa kutoka kwenye muhuri. Pindo la pande mbili limeshonwa na Marcjanna Kłos.* Ile ncha ya kitambaa imeachwa imegeuzwa, na Tymon huwauliza wageni wenyewe wapate jibu. Nimeambiwa anawafanyisha kazi kweli. Bia bado inauzwa, lakini jina letu limetoka. Korongo kama ni mlevi, hilo ni shauri lake na ukoo wa Zborowiecki.

Siku ya kubandika karatasi Bi Pilch alinitengenezea chai, akaweka keki ya mbegu za mpopi, akafungua daftari.

"Mama Kłos, ule msimu wa baridi wa mwaka thelathini na sita. Mume wako alikuwa na umri gani?"

"Miaka mitano."

"Walilala wapi? Mama Marcjanna alifanyaje? Mzee aliachaje pombe, ghafla hivyo, Kwaresima? Wageni wetu wangeguswa sana na..."

Nikafunga kifuniko cha kalamu yake, nikamrudishia.

Halszka ameniuliza hayohayo kwenye ngazi, kwa sukari mdomoni. Padri ameniuliza kwa njia ya mzunguko. Na wewe uliyesoma hadi hapa huenda nawe unauliza. Najua walilala wapi. Najua Marcjanna alifanya nini, na najua Wincenty aliona nini akiwa na miaka mitano, maana aliniambia mara moja, tukiwa tumezima redio, na hatukulirudia. Makumbusho yamepata yaliyo yake.

Hayo mengine sisemi.